Paskazia na Wageni wa Kura

Paskazia Maige alikuwa na ulimi wenye tabia mbili, na zote mbili zilimtesa. Akiwa ametulia, yuko na watu wake wa Kiseke, herufi r haikutoka kabisa kinywani mwake: habali za asubuhi, kalibu ndani, nimefulahi kukuona. Hapo hakuna aliyemshangaa, maana nusu ya majirani waliongea vivyo hivyo. Lakini msimamishe mbele ya mtu mwenye cheo! Woga ulimpanda, akakumbuka alivyochekwa shuleni, akaanza kujirekebisha. Sasa kila l aliifanya r, hata zile ambazo hazikuwa na kosa lolote. Siku moja ofisa wa elimu alibisha hodi kwake akiwaulizia watoto, Paskazia akamjibu kwa heshima zote kwamba "wamerara". Yule bwana alibaki amemkodolea macho mlangoni.

Ukiondoa ulimi huo, mwanamke alikuwa moto. Alipokea simu katika ofisi moja ya pamba mpaka wafanyakazi walipopunguzwa, naye akapunguzwa pamoja na wenzake. Akauza mitumba. Akafuga kuku, kideri kikawamaliza. Akawa anawasindikiza wageni kule Bujora kuona ngoma na makumbusho, na hapo ndipo alipojijua: kumbe anapenda kuongoza watu! Anapenda kuwaonyesha kitu, wao washangae, naye ashangae upya pamoja nao. Kazi nyingine zote alizifanya kwa sababu ya watoto. Hii aliitaka yeye mwenyewe, na aliitaka sana.

Bahati yake ikaletwa na Mzee Natvarlal. Mzee huyu aliuza vipuri vya baiskeli pale Mirongo, duka alilorithi kwa baba yake. Biashara zilipofunguliwa, kila mtu akawa mfanyabiashara, vipuri vya bei poa vikamwagwa mpaka barabarani, wateja wakamkimbia. Akanunua boti ya injini ili apeleke wageni matembezini visiwani, wenzake wakamcheka waziwazi. Mtu atoe pesa zake ili akatembee kwa miguu? Tangu lini?

Paskazia hakucheka. Alimfuata dukani, shikamoo mzee, akamweleza mpango wake: watu washushwe upande wa pili wa kisiwa, watembee ufukweni hadi kijijini, wafike na njaa ya kweli, wakute samaki aliyetoka ziwani muda huohuo. Natvarlal samaki hali, lakini biashara anaijua.

"Safari moja ya majaribio," akasema. "Ikienda vizuri, kazi ni yako. Ikiharibika, mimi boti nauza."

Wageni wakapatikana upesi: Queen, mhasibu wa kampuni moja ya bima, na wenzake wachache, watu wa Dar waliokuja Mwanza kwenye semina. Kilichobaki ni kupeleka taarifa kisiwani Nyamiswi ili chakula kiandaliwe. Paskazia akateremka Mwaloni, Kirumba, mitumbwi ya visiwani inakotia nanga, na nani anakutana naye? Mzee Chenge, mwenyekiti wa kijiji cha Nyamiswi, mwenyewe, na koti lake, na fimbo yake, cheo chote kinaonekana kwa mbali. Jamani, ulimi ukageuka palepale.

"Shikamoo mzee."

"Marahaba, binti."

"Mzee, Jumamosi ninawaretea wageni kutoka Dar es Saraam. Watatembea kidogo, rakini hasa wanachotaka ni kura."

Mzee Chenge akakunja uso. "Kura?"

"Kura, mzee. Bira kura hawaondoki."

"Hata wale wa wiki iliyopita walitaka hivyohivyo."

Paskazia akashtuka. Kumbe kuna mtu amekwisha kumuwahi! "Wakapata?"

"Hatujawapa. Tumewaambia tunasikiliza kwanza."

"Sisi tutaripa, mzee!" akasema haraka.

Mzee akatazama kushoto na kulia, akashusha sauti. "Binti, maneno hayo usiyaseme mbele za watu."

"Basi nisaidie, mzee wangu. Hawa wakikosa kura, mimi kazi sina."

Mzee Chenge akamwonea huruma, msichana wa watu anavyohangaika. "Walete. Nitakusanya kijiji kizima."

Kijiji kizima! Paskazia karibu amkumbatie. Kichwani mwake aliona kila nyumba na sufuria yake. Alirudi Kiseke akiimba njia nzima.

Wala msimlaumu mzee wa watu. Ulikuwa mwaka tisini na tano, uchaguzi wa kwanza wa vyama vingi unakaribia, na kila wiki boti zilitia nanga Nyamiswi na bendera na vipaza sauti. Neno alilolisikia ndilo lililokuwa midomoni mwa nchi nzima.

Jumamosi ikafika, jua safi, ziwa limetulia. Boti ikawashusha kwenye ghuba ndogo yenye mchanga, Mzee Natvarlal naye akashuka na viatu vyake vya turubai, maana alitaka kuyaona majaribio kwa macho yake. Wakashika njia ya ufukweni. Na hapo Paskazia akawa Paskazia. Woga haupo, cheo hakipo, ni mawe na maji na watu wanaomfuata.

"Lukeni hapa, msiogope! Yule ni kenge tu, mwenyewe anatuogopa! Haya, telemkeni polepole, jiwe hili lina hila!"

Mwanzoni wale wa Dar walitazamana wakabana vicheko. Baadaye wakasahau kubana. Kila penye mwanya kati ya majabali Queen mwenyewe alipiga kelele, "Lukeni!" nao wakaruka. Paskazia aliwaonyesha ndege wa majini, mnandi, wametanua mabawa wakiyakausha, akawapitisha juu ya jabali ambalo ukisimama kileleni unaona maji tu mpaka macho yachoke, akawapa waonje dagaa waliokuwa wakianikwa kwenye chanja. Mmoja aliwatema. Queen alivua viatu vyake vya mjini akavishika mkononi, kofia yake pana inapepea, uso unang'aa kwa jasho na raha.

"Dada Paskazia," akasema, "nina njaa ya kumla ng'ombe. Bado mbali?"

"Hapo mbele tu! Kijiji kizima kinatupikia!"

Wakazunguka jabali la mwisho, ngoma ikalia. Kina mama wakapiga vigelegele. Turubai limetandazwa juu ya nguzo, mabenchi yamejaa watu waliovaa nguo za kanisani, mbele kuna meza yenye kitambaa cheupe na jagi la maji. Wageni wakashangilia. Mapokezi gani haya! Paskazia peke yake ndiye aliyetazama majikoni. Hapakuwa na moshi hata kidogo.

Mzee Chenge akasimama. "Wananchi, wageni wetu wa kura ndio hawa! Mgombea ni yupi?"

Kabla mtu hajajibu, kina mama wakaiona ile kofia, wakamshika Queen mkono, wakampeleka mezani.

"Zahanati tuliyoahidiwa iko wapi?" akauliza kijana mmoja.

"Na haya magugu maji yanayofunga mitumbwi yetu, utayatoa lini?" akadakia mwingine.

"Jamani," Queen akasema kwa kigugumizi, "mimi ni mhasibu tu!"

"Ndio tunaowataka!" akapaza sauti mama mmoja. "Wanaojua kuhesabu!" Makofi yakapigwa.

Mzee Natvarlal akamsogelea Paskazia. "Chakula kiko wapi?"

Mazungumzo ya Mwaloni yakamrudia Paskazia neno kwa neno. Kura. Bira kura hawaondoki. Tutaripa! Mama yangu wee! Akatamani kukimbilia kwenye boti ajifiche chini ya viti. Lakini angekimbia, kazi imekwenda, na mara hii angekuwa ameitupa mwenyewe. Akapiga moyo konde, akaenda mbele.

"Ndugu zangu, kosa ni rangu. Mimi sikusema kura. Nirisema kura!"

Mzee Chenge akatega sikio. "Hukusema kura, ulisema nini?"

"Kura, mzee! Kura!" Na kadiri alivyoogopa ndivyo r ilivyozidi kunguruma. Mwishowe akakata tamaa na ulimi wake. Akanyoosha mkono, akamega tonge hewani, akalifinyanga, akalichovya kwenye mchuzi usiokuwepo, akalitia mdomoni, akatafuna, akalamba vidole kimoja kimoja, akajipigapiga tumbo.

Kulikuwa na bibi mmoja pale mbele, Wilhelmina, mkaanga samaki wa pale pwani. Ndiye aliyeelewa wa kwanza. Akaruka kutoka kwenye benchi: "Yesu na Maria! Watu wanataka kula!"

Weee! Kicheko kilichopasuka hapo, watu waliinamiana, wengine wakaketi chini kabisa. Mzee Chenge alicheka mpaka fimbo ikamponyoka. Paskazia alisimama katikati yao, masikio yanawaka moto kwa aibu, hajui mikono yake aiweke wapi.

Bibi Wilhelmina akajifuta machozi. "Nisikilizeni. Kila boti inayokuja hapa inataka kura, halafu kula wanakwenda kula kwao. Leo wamekuja watu wanaosema wazi kwamba wana njaa, tuwaache hivihivi? Leteni kuni!"

Mkutano ukageuka jiko. Mtu akaleta sato wanaorukaruka, mwingine unga wa muhogo, mwingine ndimu na nyanya. Na kwa kuwa watu walikuwa wengi na njaa haingoji, wageni nao wakaingizwa kazini. Queen alipuliza moto mpaka kofia ikajaa majivu. Yule aliyetema dagaa alipewa kisu apare sato, mwiba ukamchoma, akapiga kelele kuliko mama anayejifungua, watoto wakamzunguka wakimfundisha. Bibi Wilhelmina alipoambiwa kwamba Mzee Natvarlal hali samaki, hakubishana. Alimletea bakuli la michembe iliyopikwa kwa karanga, viazi vitamu vikavu vilivyolainika mpaka vinayeyuka, akamkalia mbele mpaka aonje. Mzee akaonja. Akaonja tena.

Walikula wote pamoja, wageni na wenyeji, ugali wa moto, mchuzi unaowatiririka mpaka viwikoni. Paskazia peke yake tonge halikumpita. Alimwona Natvarlal akimwita kwa kidole, akaenda.

"Paskazia, leo tumepona kwa bahati," mzee akasema, tena bila ukali, na hilo ndilo lililouma. "Mimi biashara ya bahati siiwezi."

Unga umemwagika, akajua. Lakini Mzee Chenge alikuwa karibu, na masikio yake, kama tulivyokwisha kuona, husikia anachotaka. Akainuka, akagonga meza.

"Bwana, hapa wananchi wamekaa na mwenyekiti yupo. Mkutano huu haufungwi bila kura! Wanaotaka binti huyu aendelee kutuletea wageni, wanyooshe mikono."

Mikono ikapaa, mingine imeshika tonge, mingine mifupa ya samaki. "Ninyi watoto shusheni, umri bado!" Mzee Chenge akaamuru, wakashusha huku wakinung'unika. Queen alinyoosha miwili, akaonywa. "Mmoja, dada. Huu ni uchaguzi wa haki." Akashusha mmoja, akasema kwa sauti kwamba wenzake wa semina watakaofuata watakuja hapahapa, na wasipikiwe kabla, wapike wenyewe.

Kijiji kizima sasa kikamgeukia Natvarlal. Mzee alikuwa ameshika bakuli, karibu tupu. Akalitazama, akamtazama Bibi Wilhelmina, akawatazama watu wote wale wanaomsubiri. Kisha taratibu akainua mkono, vidole vimejaa karanga.

"Boti haiuzwi," akasema.

Vigelegele! Ngoma ikapigwa, Paskazia akasukumwa mpaka mezani, Mzee Chenge akamtaka mshindi awahutubie wananchi. Akawatazama. Machozi yakaanza kumtoka mbele ya watu wote wala hakuyafuta, maana hajawahi kusimama mahali watu wengi namna ile wakamtaka yeye. Akatafuta neno ambalo ulimi wake hautaliharibu, akalipata.

"Asanteni," akasema, na lilitoka safi, halina r wala l. Akalirudia, na akalirudia tena.