Nyuma ya Mlango wa Stoa

Jumamosi ilikuwa siku ya posho. Wafanyakazi wa shamba walipanda kutoka laini, zile nyumba zetu za udongo chini ya mikaratusi, wakaja na mifuko hadi nyuma ya nyumba kubwa kupimiwa unga wa wiki. Shamba lilikuwa upande wa Bahati, karibu na msitu, na asubuhi isiyo na ukungu uliliona ziwa la Nakuru chini kabisa, liking'aa kama bati jipya. Mimi nilikuwa yaya wa mtoto wa Memsahib, mke wa mzungu mwenye shamba. Mume wangu, Kamau, alikuwa mpishi. Mpishi ndiye aliyekabidhiwa ufunguo wa stoa, kwa hiyo yeye pia ndiye aliyepima posho.

Niwaeleze stoa hiyo ilivyokuwa, maana yote yaliyotupata yalianzia hapo. Kilikuwa chumba kidogo cha mawe kando ya jikoni, chenye dirisha la vyuma. Ndani mlikuwa na sukari, majani chai, sabuni, mafuta ya taa, chumvi ya ng'ombe na magunia ya unga. Mlango ulifunguka kwa ndani, na ukiusukuma mpaka mwisho ulilala ukutani, ukaficha misumari ya kutundikia makoti ya mvua. Memsahib aliiamini sana kufuli ya mlango ule. Sukari yake haikuwahi kupungua hata kijiko, na wageni walipokuja aliwaambia hivyo huku akimsifu Kamau.

Ilikuwa miaka ya Imajensi, ile hali ya hatari iliyotangazwa na serikali ya kikoloni. Vijana walikuwa wamekula kiapo na kuingia msituni, na wazungu wa mashamba walitembea na bastola kiunoni, mpaka mezani, mpaka kwenye bustani. Serikali ilikuwa imewaonya wasiache silaha ovyo. Bwana mwenye shamba aliishika hiyo amri. Lakini Memsahib alipenda kupiga magoti katika maua yake, na kila alipoinama, mkanda wa bastola ulimchoma ubavuni. Alilalamika juu ya mkanda huo kama mtu anavyolalamikia kiatu kinachobana.

Sanduku la chuma la kuhifadhi silaha lilikuwa limeshanunuliwa. Lilikaa verandani, bado ndani ya mbao lilizosafirishiwa, likingoja fundi wa kulifunga ukutani kwa saruji. Kila juma fundi alikuwa na kazi nyingine: birika la ng'ombe, bomba la maji, paa la kibanda cha kukaushia pareto. Mimi nilizoea kumkalisha mtoto juu yake nikimfunga viatu.

Jumamosi ile foleni ilikuwa ndefu na yenye kelele.

"Mpishi, tingisha hiyo debe," alisema mama mmoja. "Unanipimia hewa, na watoto wangu hawali hewa."

"Nikitingisha sana utasema nimekuibia vumbi," Kamau akajibu.

Nyuma ya mama huyo alikuwa Mwangi, aliyeendesha mkokoteni wa maziwa. Huyu hakuweza kunyamaza. "Mama, mwache mpishi. Huyu hata nyumbani anampimia mkewe uji kwa kijiko. Si kweli, Mama Njeri?"

Nikamwambia arudi kwa ng'ombe wake, ambao angalau walikuwa na adabu. Watu wakacheka. Kamau naye akacheka, akatazama gunia alilokuwa akipima, akaona limekwisha. Magunia yaliyojaa yalikuwa yamepangwa ndani, upande wa mlango.

"Mwangi, wacha mdomo. Njoo unisaidie kuinua."

Mwangi akaingia. Wakainua gunia pamoja. Kamau akashika pembe za mbele na kutoka kinyumenyume, Mwangi akasukuma, kisha akarudi ndani kuchukua mfuko wake alioutua sakafuni. Akatoka ameukumbatia, akapimiwa unga, akaenda zake akiimba.

Nimeyapitia hayo maishani mwangu mara nyingi kuliko sala yoyote.

Kabla ya chai ya jioni Memsahib alitoka bustanini, akanawa mikono, akachukua ufunguo kwa Kamau, akaenda stoa. Nilikuwa jikoni na mtoto. Nilisikia mlango ukisukumwa, kisha makoti yakivutwa.

"Mpishi! Bunduki yangu wapi?"

"Bunduki gani, Memsahib?"

"Hapa! Mimi natundika hapa. Mimi nafunga na kufuli!"

Kamau alitazama nyuma ya mlango. Makoti yalikuwepo. Msumari mmoja ulikuwa mtupu.

Hakujua kwamba kitu kile kilikuwa pale. Memsahib alikuwa amekitundika asubuhi, kabla ya posho, akafunga na kumpa Kamau ufunguo kama kawaida. Kwa akili yake alikuwa ametii amri: silaha iko nyuma ya kufuli. Hakufikiri kwamba kufuli ile ilifungwa ili ifunguliwe, na kwamba kila Jumamosi shamba zima lilisimama mlangoni pake.

Bwana alirudi kutoka Nakuru, na polisi wakafika nyuma yake. Tukakalishwa chini uani, mikono kichwani.

Afisa alimuuliza Kamau nani aliingia stoa.

"Ni Mwangi tu."

"Aliingiaje?"

"Nilimwita. Gunia lilikuwa zito."

"Wewe mwenyewe ulimwita."

"Ndiyo, bwana. Mimi mwenyewe."

Alisema ukweli, kwa sababu ndivyo alivyokuwa ameishi katika nyumba ile. Nilimwona afisa akimgeukia Bwana na kutikisa kichwa, nikajua ukweli huo umekwisha kugeuka kitu kingine.

Askari waliotumwa kumtafuta Mwangi walirudi bila mtu. Waliukuta mkokoteni kando ya barabara, ng'ombe bado wamefungwa nira, wakila majani.

Wakamfunga Kamau pingu.

Memsahib alikuwa analia. Alisema, "Mpishi ni mtu mzuri," akalisema tena, lakini lile alilokwisha kuwaambia polisi, kwamba ufunguo ulikuwa kwa mpishi, ndilo lililoandikwa.

Alipopita mbele yangu Kamau alisema, "Mama Njeri, toa mkate kwa stovu. Utaungua."

Hayo ndiyo maneno yake ya mwisho kwangu. Niliutoa. Ulikuwa umeiva vizuri.

Bastola ile haikukaa kimya msituni. Haukupita muda mrefu kabla haijarudi shambani. Mzee Kiptoo, mlinzi wa zizi, alipigwa risasi alipowafuata watu waliokuwa wakiswaga ng'ombe. Alikuwa mzee wa Kikalenjin asiye na ugomvi na mtu, na Njeri wangu alizoea kula mahindi ya kuchoma kwenye moto wake. Mke wake alikuja laini, akasimama mbele ya nyumba yangu, akanitazama.

Baadaye wanajeshi walimuua Mwangi ukingoni mwa msitu, na bastola ikakutwa mwilini mwake. Nilihuzunika, maana nilimjua alivyocheka, kisha katikati ya huzuni hiyo nikaona tumaini. Nikajifunga leso, nikaenda kwa Bwana.

"Bwana, bunduki imepatikana, na aliyeichukua amejulikana. Baba Njeri atarudi lini?"

Alitazama viatu vyake. "Hiyo si kazi yangu tena, yaya. Ni ya serikali."

Sisi Wakikuyu wa shamba tulipakiwa kwenye lori, tukarudishwa rizavu, eneo walilotengewa Wakikuyu, nchi ambayo Njeri hakuwahi kuiona. Asubuhi hiyo, tukingoja turubai lifungwe, nilisikia nyundo verandani. Fundi alikuwa amekuja. Alilitoa sanduku kwenye mbao zake, akatoboa ukuta, akakoroga saruji. Bwana alisimama karibu, akaujaribu ufunguo, akautia kwenye mnyororo shingoni. Kazi ilikuwa imekwisha kabla lori halijaondoka.

Habari za Kamau nililetewa na mtu waliyefungwa naye kambini. Alisema ni kuhara damu, na kwamba wafu walizikwa pamoja, hakuna aliyewekewa alama. Aliniomba msamaha kana kwamba yeye ndiye aliyemuua. Nikampa uji, nikamwambia anywe polepole.

Siku hizi mpwa wangu ni mlinzi mwenye silaha huko mjini. Safari moja alikuja kunisalimu akaiweka bunduki kwenye kiti, akaingia jikoni kutafuta chai. Sikumgombeza. Nilimkalisha nikamweleza, kama ninavyowaeleza ninyi, na wala si jambo gumu, kila mtu analiweza: silaha iwe na mahali pake peke yake, risasi mahali pengine, ufunguo kwa mwenyewe tu. Usiifungie pamoja na kitu ambacho watu watakuja kukitafuta. Usiseme mnaaminiana. Sisi tuliaminiana. Alinisikiliza, akainuka akaichukua, na tangu hapo huja bila hiyo bunduki. Nilifurahi, ila furaha hiyo haimfikii Kamau.

Nimejaribu kumchukia Memsahib, na siku nyingine naweza. Nimejaribu kumchukia Mwangi aliyemwacha rafiki yake ajibu badala yake. Hakuna chuki iliyonirudishia kitu. Watu watatu wamelala udongoni, mmoja sijui hata udongo upi, na dawa yake ilikuwa imeshafika nyumbani, imelipiwa, inangoja asubuhi moja ya fundi. Ninaloliona mpaka leo ni lile sanduku ndani ya mbao zake, na mtoto wa Memsahib amekaa juu, anabembeza miguu, ananiambia nifunge kamba za viatu vizuri zisifunguke.