Zamu Yangu Mtoni

Juzi nilirudi Ndithini kumzika nyanya, nikashuka mtoni peke yangu. Mchanga haupo tena, rafiki yangu. Malori yameuzoa wote, yakaacha mwamba mtupu na vidimbwi vya tope.

Miaka ile ya tisini, mchanga ule ndio uliokuwa bomba letu. Kiangazi kilipokaza, tulichimba visima humo mpaka maji yakachuruzika, baridi, yenye ladha ya chuma. Nyanya alitufunga mitungi mgongoni kwa kamba ya katani, akatupa muthokoi wa jana, mahindi yaliyokobolewa yakapikwa na maharagwe, tule njiani. Mimi na binti wa jirani, sote wa darasa la nne, tuliingia kisimani kwa zamu: mmoja ndani akichota, mwingine juu akipokea.

Jumamosi moja zamu ilikuwa yangu, lakini nilikuwa nimevaa sketi mpya.

"Ingia wewe," nikamwambia. "Kesho nitaingia mara mbili."

Akacheka, akaingia. Nilikuwa nikikaza kifuniko cha mtungi niliposikia kishindo kidogo, kama gunia la mahindi likitua chini. Kugeuka, kisima kimejaa mchanga. Nilifukua kwa mikono hadi kucha zikatoa damu. Wanaume walipofika na majembe, alikuwa ameshakata roho.

Jioni ile mama yake aliniuliza, "Ilikuwa zamu ya nani?"

"Yake," nikasema.

Nyanya, aliyetupangia zamu kila asubuhi, alinitazama tu.

Tangu hapo mama yule aliniita kwake kila nilipotoka shule. Alinipa uji, akanisuka nywele polepole, nami nikakaa shingo imekakamaa. Usingizini nilisikia mchanga ukiporomoka. Bado nausikia, hata Syokimau ninakoishi, nikiwa naosha vyombo mchana kweupe.

Baada ya mazishi ya nyanya nilimwendea mama yule. Alikuwa uani, anapepeta kunde.

"Mama, siku ile zamu ilikuwa yangu."

Ungo haukusimama. "Najua. Nyanya yako aliniambia wiki ile ile."

"Na bado ukanisuka?"

"Nilikuwa nangoja uniambie mwenyewe. Halafu ukahamia mjini."

Ndipo akauweka ungo chini, akajifunika uso kwa leso. Miaka yote hiyo nilidhani nimeficha kosa langu. Kumbe nilichomnyima ni mtu wa kulia naye, na sasa yeye ni mzee, na nyanya, aliyemkumbuka mtoto wake pamoja naye, tumemzika jana.