Talaka ya Mazoezi

Shemeji yangu Vuai hajui kutulia. Ukimpa kiti anakaa ukingoni; ukimpa chai anainywa akiwa wima, simu mkononi, akingoja wakala wake wa Randburg, anayemtafutia kazi za kuigiza, ampigie. Akipigiwa tu, anatoka mbio hata viatu hajafunga. Tangu aje Johannesburg ameigiza mlinzi, jambazi, daktari, mchungaji wa Kikongo, balozi mwenye kitambi cha mto wa kulalia. Wakanada walipokuja kupiga filamu yao hapa, wakamfanya dereva wa teksi, akafa mwanzo kabisa. Mtu kazaliwa Unguja, lakini kuigiza Mzanzibari hawakuwahi kumpa.

Mimi kazi hiyo sikuipenda, nasema wazi. Dada yangu Shufaa aliolewa na mwanamume mmoja akajikuta anaishi na kundi zima. Leo anaingia mlangoni na sauti ya balozi, kesho anachechemea. Mwanzoni Shufaa alikuwa akicheka mpaka anashika ukuta. Baadaye akawa anauliza tu, bila kugeuka, "Leo kaja nani?"

Halafu Vuai akapata alichokitamani siku zote: mchezo wa televisheni, mume wa Kizanzibari, mwenye jina na maneno mengi, tena kwa Kiswahili. Akawa kama aliyemwagiwa upupu. Alizunguka uani kwao, mtaa wa La Rochelle, akisema peke yake, wapangaji wakimchungulia madirishani. Jioni moja akamwomba Shufaa amsomee maneno ya mke. Nilikuwepo jikoni, nangoja wali wangu. Dada akasoma huku anakoroga mchuzi. Vuai akamsogelea, akasema taratibu, bila hata kupaza sauti:

"Nimechoka na wewe. Nenda kwenu. Nimekuacha."

Mwiko ukasimama. Sisi tumelelewa tukijua kwamba talaka haina mzaha. Mume akiitamka kwa utani, imepita. Vuai mwenyewe alishtuka, kisha akaanza kucheka.

"Mazoezi tu, Shufaa! Eish, si yameandikwa hapa?" Akampa karatasi aone.

Shufaa hakuipokea. Akazima jiko, akachukua mtandio wake. "Fahad, nipeleke kwako."

Nilimpeleka kwangu Soweto, njia nzima nawaka kwa hasira. Kesho yake Vuai akanifuata kwenye spaza yangu, kiduka changu cha mtaani, akawa anashika sabuni, anarudisha, anashika sukari, anarudisha, hadi wateja wakamdhania mwizi.

"Shemeji, niambie, bado ni mke wangu?"

Ningemjibu nini? Mimi muuza duka. Siku iliyofuata tukamchukua Shufaa, tukaenda sote watatu kwa Sheikh Mansour, anayetusomeshea watoto wetu.

Sheikh akasikiliza, akaisoma karatasi mstari kwa mstari. Akasema kwa anavyoona yeye, mtu anayesoma maneno ya mwingine hajamwacha mkewe. Ndoa ipo. Ila mazoezi ya namna hiyo nyumbani ayakome.

Vuai alikwishainuka. "Sharp! Umesikia, Shufaa? Twende zetu."

Shufaa hakuondoka pale alipokaa.

"Sheikh, huyu mimi namjua akiigiza. Shingo inabadilika, macho yanabadilika, hata kupumua kwake si kule. Wote hao nimewapikia. Juzi nilikuwa namtazama usoni, karibu kama hivi. Hakukuwa na mwingine. Alikuwa Vuai."

Nikamwonea dada yangu huruma, nikajiona mjinga. Nilikuwa jikoni mule mule na sikuona kitu.

Sheikh akaiweka karatasi chini. "Bwana Vuai, ulipokuwa ukitamka, moyoni ulikuwa ukisema na nani?"

Nilimwombea aape. Neno moja tu, wallahi, na tungerudi nyumbani tukale. Vuai hakuapa. Akamtazama sheikh, akanitazama mimi. Mkewe hakumtazama.

Shufaa alimpa muda wa kutosha. Kisha akajifunga mtandio vizuri, akauliza kwa heshima:

"Eda yangu niihesabu kuanzia leo, sheikh, au kuanzia siku ile?"