Walta na Walimu Wake

Harufu ya ndimu kavu ikinijia, hata iwe jikoni kwa mtu mwingine, mimi husikia mpira ukidunda. Watoto wangu hunicheka, lakini ndivyo ilivyo, kwa sababu ghala alilokuwa akililinda baba yangu, Nasor bin Sef, kule Matrah, Omani, lilijaa magunia ya ndimu kavu mpaka darini, na kwenye ukuta wake wa nyuma ndipo ulipopigiliwa mduara wa chuma wa kutupia mpira. Mduara wenyewe ulikuwa ukingo wa pipa la mafuta, umekatwa na kusuguliwa usije ukamchana mtu, na aliyeupigilia ni Mmarekani mmoja, Walta Hobdi, fundi wa majenereta katika kampuni iliyokuwa ikijenga pale bandarini. Alikuwa mtu mweusi, mrefu, hakuna mlango wa Matrah aliopita bila ya kuinama. Siku ya kwanza mama yangu, Bi Salma, alimdhania mtu wa kwetu Unguja aliyepotea njia, akamwamkia kwa Kiswahili na kumuuliza mama yake hajambo. Walta akaweka mkono kifuani akacheka. Kwao alikuwa mchezaji wa mpira wa kikapu, si wa kujifurahisha jioni, bali wa kazi, wa kuajiriwa, mpaka goti lilipoharibika akaenda kujifunza majenereta.

Sisi tulikuwa ndio kwanza tumefika. Watu wakituambia tumerudi kwetu, kwa mababu, lakini mimi kwetu nilikokujua ni Unguja, na huku nilikuwa siwezi hata kununua mkate kwa Kiarabu. Aliyeumia zaidi ni kaka yangu Salim. Alikuwa mrefu ghafla, miguu imemtangulia akili, na kila akifungua mdomo sokoni watoto wenziwe humcheka matamshi. Hilal bin Rashid, mtoto wa muuza samaki, ndiye aliyekuwa na ulimi mkali kupita wote. Alikuwa akimfuata nyuma kichochoroni na kumwambia, "Ewe Zinjibari, umekuja kuchuma karafuu? Huku hamna karafuu, huku mna mawe tu." Basi Salim akaacha kutoka. Akaacha na kusema pia. Akilala kutwa ameelekea ukutani, ukimwita anaitikia kwa bega. Mama akimwambia baba, "Huyu mtoto atanyamaza mpaka asahau kusema." Nyumba nzima tukitembea kwa kunyata kama mna mgonjwa.

Aliyemtoa ni ule mpira. Siku moja baba alimlazimisha amsaidie kupanga magunia, akasikia mdundo nyuma ya ukuta, akaenda kuchungulia. Hakurudi mpaka alasiri, shati limemganda mgongoni, na siku hiyo usiku, wakati wa kula, alisema maneno mengi kuliko aliyoyasema tangu tuteremke melini. Salim alikuwa amesoma Kiingereza kidogo Unguja, kwa hiyo akawa yeye ndiye anayewafasiria wenziwe, na Hilal huyo huyo akawa hana budi kumsikiliza ili ajue Walta amesema nini. Mimi nikipeleka chakula cha baba adhuhuri, nikapandia juu ya magunia kwenye dirisha la nyuma, nikakaa hapo kutazama. Shule mimi niliionja tu. Lakini Mungu kanijaalia majina. Jina likishaingia kichwani kwangu halitoki, la mtu na la baba yake na la mama wa kambo ikiwa yupo.

Na Walta alikuwa mtu wa majina. Hakufundisha kitu bila ya kumtaja mwenyewe wake. Akimwonyesha mtoto namna ya kutoa mpira husema, "Hii ya Dagla: usirushe kabla hujamtazama mwenzio." Dagla Rinsi alikuwa mwalimu wake katika timu ya kazi, mtu mfupi, mkali, akitafuna njiti za kiberiti mchezo mzima. Akiwainamisha wote wakae kama wanaotaka kuketi kwenye kiti kisichokuwapo, husema, "Hii ya Melvin: magoti kwanza, mikono baadaye." Melvin Kasto ndiye aliyemfundisha Dagla, wakati Dagla mwenyewe alipokuwa mchezaji. Na ikiwa mtoto amekosa akasimama kujisikitikia, Walta hupiga makofi na kusema, "Ya Padri Osbon: umekosa, rudi mbio." Huyo Padri Osbon alimlea Melvin katika nyumba ya mayatima, akawafundisha watoto mchezo kwa kikapu cha matunda kweli kweli. Timu zenyewe zilikuwa na majina ya wanyama na ndege, mimi nikayaacha yapite. Ya watu ndiyo niliyoyashika, kwani Salim akiyarudia kwa sauti, na mimi huku juu nikiyarudia kimoyomoyo.

Sasa Walta akataka kuchagua watoto wa kucheza na wafanyakazi wa kampuni siku ya Ijumaa, na Salim akawa wa kwanza kuchaguliwa. Ndipo maneno yalipomfikia babu. Babu yetu Sef bin Ali bin Sef ndiye aliyekuwa neno la mwisho nyumbani. Alikuwa amesoma kwa masheikh Unguja, na mtu akimletea jambo lolote, la dini au la dawa ya kikohozi, humuuliza, "Umeipokea kwa nani?" Ukisema nimesikia tu, anageuka upande wa pili. Jirani mmoja akamwambia kwamba mjukuu wake anashinda na mgeni asiyejulikana asili wala fasili. Babu akamwita Salim. "Hutoki tena," akamwambia, "mpaka nimjue huyu mtu ni nani."  Salim akaenda akalala, akaelekea ukutani, na mama akaniangalia mimi kama kwamba mimi nna dawa yake.

Babu lakini hakuwa mtu wa kuhukumu asiyemwona. Akamkaribisha Walta kahawa. Wenye kuijua desturi hii wanaijua: mgeni anawekewa halwa na tende, anamiminiwa kahawa, na akishatikisa kikombe kuwa ametosheka ndipo anapoulizwa habari, na habari hiyo huanzia kwa baba yake na babu yake. Ami Khamis, ndugu yake baba, alikuwa anafasiri. Salim alikaa mlangoni, ameshika vidole vya miguu yake. Mimi nilibeba sinia ya halwa, na nilipoiweka chini sikutoka.

Walta aliulizwa habari, naye akaona anaulizwa kazi. Akaanza kueleza timu yake ya kwanza, kisha ya pili, na Ami Khamis akafasiri: "Anasema timu ya kwanza ilimuuza kwa ya pili. Kisha ya pili nayo ikamuuza."

Babu akaweka kikombe chini. "Kamuuza nani? Mtu huyu ana bwana wake?"

"Ndivyo alivyosema, baba. Kauzwa."

 Walta aliwatazama nyuso, akaelewa kabla ya kufasiriwa. Akasema taratibu kwamba unaouzwa ni mkataba wa mchezo tu, mchezaji anabeba begi lake anahamia mji mwengine, ndio kazi yao ilivyo. Kisha akaongeza, na sauti ya Ami Khamis ikawa ndogo alipokuwa akifasiri: "Mimi Walta, mwana wa Klarensi, mwana wa Ayzaya, mwana wa Samweli. Samweli ndiye aliyeuzwa kweli, sokoni, akiwa mtoto. Kabla yake hatujui. Ukiniuliza ukoo, mimi nasimama hapo."

Sijapata kumwona babu akiinamisha kichwa mbele ya mgeni, ila siku hiyo. Katika seble ile kila mtu mzima alijua masoko gani yanasemwa, na kwetu Unguja nani walikuwa wakinunua.  Salim alikuwa amefumba macho, kwani alijua mtu asiyekuwa na wa kumtaja nyuma yake hawezi kupita kwa babu, na Ijumaa yake imekwisha.

Mimi ndiye niliyesema. Mtoto wa kike, mbele ya mgeni, na mikono inanata halwa. Nikasema, "Babu, walimu wake nnawajua."

Mama alikohoa nyuma ya pazia, kikohozi cha kuniita. Babu akainua kichwa. "Sema."

Nikasema kama nilivyokuwa nikisema juu ya magunia: "Walta kapokea kwa Dagla Rinsi. Dagla kapokea kwa Melvin Kasto. Melvin kapokea kwa Padri Osbon, aliyewalea mayatima. Ya Dagla ni kumtazama mwenzio kabla hujarusha. Ya Melvin ni magoti kwanza. Ya Padri Osbon, ukikosa usisimame, rudi mbio."

Walta yeye hakufahamu Kiswahili, lakini majina aliyasikia, na yule mtu mkubwa akafunika mdomo kwa kiganja. Babu akanigeukia tena. "Na Osbon kapokea kwa nani?"

"Huyo simjui, babu."

"Vizuri. Asiyejua aseme hajui." Akamgeukia Ami Khamis. "Mwambie anionyeshe hayo ya magoti."

Basi hebu fikirini: Walta akasimama katikati ya zulia, kichwa kinagusa kandili, akainama kama anakalia kiti cha hewa. Babu naye akainuka, akakunja kanzu, akainama mbele yake. Goti la babu likalia kama kuni kavu, na goti la Walta likajibu. Wakatazamana. Aliyeanza kucheka ni babu, na akicheka babu mabega yote hupanda, na nyuma ya pazia tukawasikia kina mama wakimeza vicheko vyao. "Salim," akasema akiwa bado ameinama, "nenda ukacheze. Lakini kila unachokifundisha useme umekipokea kwa nani, na huyu umtaje." Kisha akasema, "Nishikeni, siinuki."

Ijumaa ile Matrah nzima ilipanda juu ya mapipa. Mpira wa mwisho ulimfikia Salim akiwa karibu na mduara, kila mtu anampigia kelele arushe, naye akatazama pembeni akamtupia Hilal, na Hilal akaupenyeza. Hilal akamkimbilia akamshika shingo akiita, "Salim bin Nasor, Salim bin Nasor," jina lake kamili, na tangu siku hiyo nyumbani kwetu tukaanza kumwomba Salim anyamaze watu walale.

Walta aliondoka ujenzi wa bandari ulipokwisha. Salim aliajiriwa serikalini, na jioni akifundisha vijana wa mji wa Sib mpaka magoti yake nayo yalipoanza kulia. Siku hizi tunakaa naye mtaa wa Hail, tunatoka kusali alfajiri tunawasha televisheni, na huko Marekani ndio kwanza wanacheza. Wajukuu wanajua kila kitu: urefu wa mchezaji, viatu vyake, nani kauzwa kwa nani, na neno hilo linapita sebleni kwangu wala hakuna anayeweka kikombe chini. Nikiwauliza kocha huyu alifundishwa na nani, wananiangalia, kisha wanatafuta kwenye simu. Simlaumu mtu. Sisi tulikuwa na ukingo wa pipa na majina tu, na wao wana ukumbi wenye upepo baridi. Na mimi nilisikia mchezo kutoka dirishani. Binti wa leo anauingia kwa mlango, hakuna babu anayemzuia.

Mwezi uliopita Ruqaya, mjukuu wake Salim, aliyefundishwa mchezo na Salim mwenyewe, alinichukua Sib kwenye ukumbi anakofundisha wasichana wadogo. Baadhi yao wa Kiomani, mmoja wazazi wake Wakenya, Grace binti Otieno, ana mikono mirefu kama makasia. Walipopumzika walinizunguka, nikawauliza majina yao na ya baba zao, nikayaweka mahali pake. Kisha nikawauliza, "Haya mnayocheza, mmeyapokea kwa nani?"

Wakatazamana, wakamwonyesha Ruqaya kwa vidole, wote kwa pamoja, na Ruqaya akainama kufunga kamba ya kiatu iliyokuwa imefungwa tayari.