Alama moja ndogo ilivyozima button zote za baba

Habari za humu wakuu.

Muda mrefu nasoma tu nyuzi za watu kwenye jukwaa hili la programming, leo nimeona na mimi niweke langu. Ni jambo lililotokea nyumbani kwetu, sijaongeza chumvi hata punje. Nitaeleza kwa lugha nyepesi, hata asiyejua code atanielewa.

Mimi ni mwanamke, mkazi wa Lindi mjini.

Enzi hizo internet café ndo zinaanza kuingia kwetu na vyuo binafsi vya kompyuta vinafunguliwa kila mtaa. Nilikuwa nafundisha kwenye kimojawapo: typing, barua pepe, na kidogo HTML na JavaScript, ambazo nilijifunza mwenyewe kwa kufungua source za page za watu na kuangalia walivyofanya.

Baba yangu alikuwa seremala kule Sudi, kijiji cha pwani. Na alikuwa muongeaji haswa. Akipiga randa anaongea, akila anaongea. Ukimkuta peke yake, utakuta anaongea na mbao.

Halafu akapata kiharusi.

Upande wa kulia ukalala, sauti ikaondoka kabisa. Tukamleta kwangu Lindi awe karibu na hospitali, mama akaja naye. Akili ilikuwa timamu: ukimwambia jambo anaelewa, ukimtania anatabasamu kwa upande mmoja. Ila neno halitoki. Akijaribu inakuja "aa, aa" tu, anaona aibu, anageukia ukutani.

Hata kuandika kwa mkono wa kushoto hakuweza. Daktari alitueleza kwamba ugonjwa huo unagusa maneno yenyewe, sio mdomo tu. Herufi moja mbili zinakuja, zingine zinapotea njiani.

Kilichoniumiza zaidi ni asubuhi. Naingia chumbani nasema, "Shikamoo baba," naona midomo inahangaika kutafuta marahaba, haipati. Ikafika mahali nikawa naogopa kumwamkia baba yangu mwenyewe.

Nyumbani nilikuwa na kompyuta ya mtumba, ile yenye kioo cha kichogo. Nikawaza, kama neno halitoki, si alichague tu?

Nikatengeneza page moja ya kufungua kwenye browser bila internet. Button kubwa kubwa, kila moja na picha niliyoichora mwenyewe (michoro yangu ilikuwa ya aibu, tuiache). Akibonyeza, neno linatokea kwa herufi kubwa kioo kizima na kengele inalia, ili mama aliyeko jikoni asikie.

Button ya kwanza kabisa niliyoitengeneza ilikuwa Marahaba.

Siku ya kuijaribu nikamsogezea meza mpaka kitandani, nikasimama mbele yake. "Shikamoo baba."

Mkono wa kushoto ukasukuma mouse taratibu, ukapotea, ukarudi, ukabonyeza.

Ngriii! MARAHABA.

Baba alicheka mpaka machozi yakamtoka. Mimi nilitoka uani kidogo, nikajifuta, nikarudi.

Nikaongeza Maji, Chai, Choo, Nigeuze, Redio na mengineyo. Baba akabadilika. Akaanza kula vizuri, akaacha kulala mchana kutwa. Akitaka kunichokoza anabonyeza Choo, nikija mbio anatabasamu, hana haja yoyote.

Siku moja akaomba kalamu kwa ishara. Akahangaika sana kwenye karatasi, zikatoka herufi mbili: NG.

"Ngisi?" nikamuuliza. Mtu wa Sudi huyo, ngisi anawapenda. Nikaenda kununua, mama akawapika kwa nazi. Baba akala, akalamba vidole, kisha akagonga tena ile karatasi.

"Ngano? Unataka chapati?" Akatikisa kichwa.

"Ngazi? Unakumbuka kazi?" Hapana.

Mama akaichukua karatasi, akaitazama kwa muda. Akajifunika mdomo kwa khanga.

"Si chakula hicho," akasema.

"Ni nini sasa?"

"Ananiita mimi."

Nikamwambia mbona jina lako halianzi hivyo. Akacheka kidogo bila kuniangalia.

"Kuna jina alinipa tangu uchumba. Nilikuwa nasugua sufuria za kwetu kwa mchanga mpaka zinawaka juani. Akawa ananiita Ng'aring'ari. Nyie watoto mngelisikia wapi? Mambo ya chumbani hayo."

Nikaangalia chini. Baba alikuwa anaitikia kwa kichwa haraka haraka, jicho limejaa maji.

Nikaongeza jina palepale. Na kwa kuwa nilikuwa nimeshafungua code, nikabadilisha na rangi za button. Nikasave, nikarefresh.

"Haya baba, mwite."

Mama alikuwa amesimama mlangoni, anasubiri.

Baba akabonyeza. Kimya.

Akabonyeza tena. Kimya.

Akajaribu Maji. Kimya. Marahaba. Kimya.

Akautazama mkono wake, kama vile mkono ndio ulioharibu. Akaiachia mouse, akageukia ukutani, kama zile siku za mwanzo.

"Mwache apumzike," mama akasema, akarudi jikoni. Alijitahidi ionekane haikumgusa.

Wakuu, nimeshakutana na bug ngumu kuliko ile. Ila ile sikuweza kuiacha mpaka kesho, nikavuta kiti.

Kwenye kona ya chini ya browser kulikuwa na kialama cha njano cha onyo. Nikadouble-click. "Object expected", na namba ya line. Nikaenda kwenye hiyo line: ni button ya Marahaba, ambayo sikuwa nimeigusa!

Nikadhani ni zile rangi. Nikarudisha za zamani. Bado.

Nikaweka alert, yaani kijisanduku cha ujumbe, mwanzoni kabisa mwa script, nione code inafika wapi kabla ya kukwama. Hata alert haikutokea.

Hapo ndo nikashtuka. Script haikuwa imekwama katikati, browser ilikuwa imeikataa yote. Kwa hiyo lile lalamiko la Marahaba lilikuwa matokeo tu. Button inaita function, kile kipande cha code cha kuonyesha neno, ambayo haikuwahi kuzaliwa.

Nikafungua tena kisanduku cha errors, safari hii nikabonyeza Previous mpaka ile ya kwanza kabisa. Ilisema Expected ';' na kunipeleka kwenye line ya jina jipya:

maneno[9] = 'Ng'aring'ari';

Nikaisoma, naona iko sawa. Nikaisoma tena kwa kidole, herufi kwa herufi, jinsi browser inavyosoma. Quote, ile alama inayozungushia neno, inafungua. N. g. Quote inafunga.

Nikashika kichwa.

Ile alama yetu ya ng', inayotofautisha ng'oa na ngoa, browser imeona ndiyo mwisho wa neno. Kwake yeye nimeandika Ng, halafu nikaendelea na upuuzi. Maneno mengine yote niliyoyaweka hayakuwa na ng', ndiyo maana yalikuwa yanafanya kazi bila shida.

Nikaweka double quotes nje, zile alama za vistari viwili viwili. Basi. Ndiyo dawa yote hiyo.

"Baba, si mkono wako. Ni mimi niliandika vibaya. Jaribu tena."

Hakugeuka.

Nikakaa kitandani, nikamshika bega. "Baba nakuomba. Mara moja tu."

Akageuka taratibu. Nikaukalisha mkono wake juu ya mouse, nikautoa wangu.

Ngriii! NG'ARING'ARI.

Jikoni sauti ya mbuzi ya kukunia nazi ikakatika. Mama akaja, vidole vyeupe kwa nazi. Akakisoma kioo polepole, kama alivyofundishwa kwenye elimu ya watu wazima. Kisha akamgeukia baba, sauti yake sijawahi kuisikia hivyo.

"Labeka, mume wangu."

Nikajifanya nakwenda kuangalia moto.

Toka siku hiyo ile button ndiyo iliyobonyezwa kuliko zote. Mama alikuwa analalamika, "Ananiita nami nimekaa hapahapa miguuni pake!" Lakini hakuna hata mara moja aliyoacha kuitika. Sauti ya baba haikurudi vizuri, vilikuja vijineno vichache tu. Tulimrudisha Sudi alipopata nafuu, na huko ndiko alikofariki baadaye, mama akiwa pembeni yake. Mungu amrehemu.

Kabla ya kuandika uzi huu nilimwomba mama ruhusa. Kasema andika, ila hilo jina wasije wakanizoea nalo.

Nilichojifunza: ukikuta errors nyingi, anza na ya kwanza, hiyo ya mwisho mara nyingi inalia kwa msiba wa mwenzake. Na ukiandika Kiswahili ndani ya code, angalia sana ng'.

Lingine halihusu kompyuta. Nilimpa baba maneno ya kuomba vitu, maji, chai, redio, nikaona nimemaliza. Leo nikitengeneza page kama ile ningeanza na majina ya watu wake.

Karibuni wakuu. Wa code mniambie mngeikamata vipi mapema ile bug. Na kama kuna mwenye mgonjwa wa namna hii nyumbani, aseme hapa mnaelewana naye vipi, tusaidiane.