Vyungu Vilivyobaki Bila Vibao

Simu ilipoita, binti alikuwa katikati ya pindo la sketi ya shule, mguu bado uko kwenye kanyagio la cherehani. Aliyepiga alikuwa mlinzi wa chuo, mzee ambaye kwa miaka ishirini alimfungulia baba yake geti kila alfajiri.

"Mwanangu, uko peke yako hapo?"

"Nina mteja. Kuna nini?"

"Mwambie akusubiri kidogo. Baba yako alianguka bandani. Tulimkimbiza hospitali, tukafika naye, lakini Mungu amemchukua. Alikuwa na kibao cha kuandikia jina la mmea mkononi, mpaka sasa ninacho mimi."

Binti akamalizia pindo. Baadaye alijishangaa, ila mikono haikujua jambo jingine la kufanya. Akakata uzi, akaikunja sketi, akamkabidhi mwenyewe mlangoni. Kisha akakaa sakafuni katikati ya vipande vya vitambaa, kwa kuwa kiti kilikuwa mbali.

Baba alikuwa mtunza bustani wa chuo. Wanafunzi walimwita Mzee Buibui kwa sababu ya meza moja iliyokuwa kwenye banda la kivuli, ambayo hakutaka mtu mwingine aiguse. Hapo aliweka mimea ya aina tatu ambayo watu huiita mmea wa buibui, kila aina kwa sababu yake. Wa kwanza ni ule wa kuning'inizwa dirishani, wenye majani marefu yenye mstari mweupe, unaoteremsha watoto wake kwenye kikonyo chembamba kama buibui anavyoshuka kwa uzi. Wa pili ni mgagani, mboga chungu ambayo nyuzi za ua lake zimetoka nje kama miguu. Wa tatu ni yungiyungi lenye ua jeupe, petali zake nyembamba zimetawanyika.

"Si ndugu hata kidogo," aliwaambia wanafunzi. "Huyu wa dirishani zamani vitabu vilimweka ukoo wa mayungiyungi. Siku moja wakamhamishia ukoo wa asparaga, na mwenyewe hakuulizwa. Na mgagani nao wakauhamisha. Mimi ndiye niliyeandika vibao upya."

"Mzee, sasa wewe ukoo wako upi?" mmoja alimtania.

"Wa waliochoka. Shika hiyo ndoo."

Alikuwa na sheria moja. Hakuandika kibao kabla hajaupindua mmea chunguni na kuiona mizizi yake. Wa dirishani una mizizi minene, myeupe, imejaa maji kama vidole vya mtoto. Mgagani una mzizi mmoja unaokwenda chini moja kwa moja. Yungiyungi lina kitunguu, na kitunguu hicho ni sumu, asije mtu akakitia jikoni. "Juu huko ni nguo tu," alisema. "Acha nimwone miguu." Kila kibao kilikuwa na mistari mitatu: jina la kitabuni, jina la nyumbani, na tabia moja.

Huo mstari wa tatu aliuanza baada ya mama kufariki. Mama aliupenda ule wa dirishani, akiuzungusha kila Jumapili ili upate mwanga pande zote. Alipozikwa, baba aliutoa dirishani akaupanda juu ya kaburi, penye jua la kutwa nzima. Naye ndiye aliyeujua mmea ule kuliko yeyote chuoni. Wiki mbili hazikuisha, majani yakaungua yakawa kama karatasi iliyopitiwa na moto. Hakuna aliyemsema. Yeye mwenyewe aliung'oa, akarudi kazini, na tangu hapo kila kibao cha mmea ule kikaandikwa chini kabisa: *Haupendi jua kali.*

Mwezi mmoja kabla ya kuanguka alimwambia binti, walipokuwa wakinywa chai, "Nimepata cha kupanda kaburini kwa mama yenu, hiki jua halikiunguzi. Sasa kimelala udongoni. Mvua zikikaribia nitakipeleka."

Mvua zilikuwa zimekaribia, na maziko yalikuwa kesho yake.

"Tupeleke kaburini ule mmea wa buibui wa sebuleni," kaka mkubwa alisema. Alikuwa hajalala tangu apate habari, macho mekundu. "Baba aliupenda. Umejaa, unapendeza, watu wataona."

"Utaungua, kaka. Kama ule wa mama."

"Basi tupeleke nini?"

"Kile alichokitaja. Kiko bandani."

"Bandani nimepita asubuhi. Vyungu vya udongo mtupu, havina hata kibao. Utampelekea baba udongo?"

Binti hakuwa na nguvu ya kubishana. Alivaa viatu, akaenda chuoni.

Mlinzi alimfungulia geti, akampa kibao. Kilikuwa kitupu, kalamu haikuwa imekigusa. Wakaingia pamoja kwenye banda. Mezani kulikuwa na vyungu kumi na moja, udongo mkavu, juu hakuna jani hata moja.

"Utajuaje?" mlinzi aliuliza.

"Kama alivyokuwa akijua yeye."

Akavipindua kimoja kimoja juu ya gunia. Cha kwanza kilikuwa na mizizi minene, myeupe, mingine imeoza. Ni wa dirishani uliokufa juu. Cha pili kilikuwa na kisiki cha mgagani uliovunwa mbegu. Cha tatu hivyo hivyo. Mgongo ukamuuma, akakaa kwenye ndoo iliyopinduliwa, akaendelea. Kufikia cha saba alianza kulia bila sauti, na mlinzi akajifanya anatazama paa. Cha tisa kilikuwa kizito. Udongo ulipomeguka, kikabaki kitunguu kikubwa cha rangi ya hudhurungi, kigumu, kizima, shingo yake imenyauka kabisa.

"Ndicho?"

"Ndicho, mzee. Asante."

Akakirudisha kwenye udongo wake, akaviinua vile vingine na kuvipanga tena mezani.

Maziko yalikuwa saa nne asubuhi. Mchungaji alisoma, akaomba kwa ufupi kwa sababu jua lilikuwa kali na wazee wamesimama. Kaka alitupa udongo wa kwanza, binti akafuata. Wafanyakazi wa chuo walifukia kwa zamu. Kaburi lilipokwisha kujaa, binti akachimba shimo dogo kwa mwiko wa bustani wa baba, katikati ya kaburi lake na la mama, akakipanda kitunguu, shingo ikabaki juu kidogo kama baba alivyozoea. Kaka alichomeka kibao. Binti alikuwa amekiandika asubuhi ile kwa mwandiko wake mbaya. Jina la kitabuni hakulijua kwa uhakika, mstari huo akauacha wazi. Chini yake aliandika: *Yungiyungi la buibui. Hulala kiangazi, usiling'oe.*

Mlinzi alimwagilia kikombe kimoja cha maji, si zaidi. Wakasema Amina, wakakusanya majembe, wakarudi nyumbani kwa miguu.