Miezi Mitatu ya Mama Kulwa

Mnisamehe mwandiko. Niliishia darasa la saba, shule ya Chanzuru, na mkono wangu tangu zamani unakwenda polepole. Siku hizi pia unatetemeka. Herufi ya r na ya l bado zinanichanganya, kwa hiyo atakayepiga chapa karatasi hizi anisahihishe, na palipompita mwelewe tu. Mjukuu wangu alitaka kuniandikia kwenye simu. Nikakataa, maana angenifanya nionekane mtu wa kuongea haraka, na mimi sijawahi kuwa hivyo. Nawaandikia ninyi mnaoanza kazi kwenye vyumba vya vipimo.

Siku yangu ya kwanza kazini, Kilosa, nilipewa ndoo, dekio na wodi ya wanaume. Muuguzi Mkuu aliniuliza jina mara tatu kwa sababu sauti haikutoka. Mara ya nne akaacha kuuliza. Akasema, "Utafaa. Wodi hii ina kelele za kutosha." Nilifagia wodi ile miaka mingi. Nilijifunza kubeba mkojo na makohozi kwenda maabara bila kuchanganya majina, na kwa kuwa nilijua kusoma na kuandika, taratibu wakaanza kunipa daftari la mapokezi. Niliandika polepole lakini ilisomeka.

Kisha ukaja wakati wa kupunguza wafanyakazi wa serikali. Majina yalibandikwa ukutani na langu lilikuwamo. Watu binafsi nao walikuwa wameruhusiwa tena kufungua hospitali, na maduka ya dawa yalikuwa yanaota kama uyoga. Daktari mmoja mstaafu alifungua hospitali ya vitanda kumi na viwili pale Mikumi, kando ya barabara kuu, mahali malori ya Iringa yalipokuwa yanapumzika. Sasa haipo. Jengo lile ni stoo ya saruji. Nilimfuata kuomba kazi ya usafi, akanipa na kazi ya kuandika kadi. Sisi tulimwita Daktari tu, kwa kuwa hakukuwa na mwingine.

Alikuwa na mashine ya altrasaundi, kuukuu, iliyokuja kwa meli kutoka nje. Wengi wenu mmezaliwa mkiikuta. Kwetu ilikuwa ajabu: sanduku lenye kioo kidogo, na kichwa kama cha pasi kinachopitishwa juu ya tumbo lililopakwa jeli. Kichwa kile hupeleka sauti ambayo sikio halisikii, sauti inagonga viungo vya ndani na kurudi, na inavyorudi ndivyo picha inavyochorwa kwenye kioo. Kazi yangu ilikuwa kumwita mgonjwa, kuhakikisha hajala tangu usiku, kumpaka jeli, na kuandika maneno ya Daktari. Kwa kuwa niliandika polepole, yeye alijizoeza kusema maneno machache. Nadhani ndipo kosa letu lilipoanzia.

Kabla ya mashine, mtu mwenye kitu kwenye ini tulimjua akiwa amekwisha kukonda na macho ya njano. Baada ya mashine tulianza kuviona vitu hivyo kwa watu wazima wa afya, waliokuja kwa mimba au mawe ya nyongo. Daktari alikuwa akiniambia, "Mashine haijui jina la ugonjwa. Inajua nyeusi na nyeupe tu." Alinionyesha. Fuko la maji ni jeusi tii, lina ukuta mwembamba. Kwa wafugaji alilitazama mara mbili, maana minyoo ya mbwa nayo hujenga mafuko yake kwenye ini, na hilo hulitoboi ovyo. Kuna fundo la nyama ya ini lenyewe, lililojikusanya mahali pamoja, ambalo huwa karibu halitofautiani na ini linalolizunguka. Na kuna kifundo cha mishipa ya damu, ambacho yeye alikiita hemanjioma. Hicho ni cheupe, kingo zake zimekatwa vizuri, kama ua la pamba lililodondoka mahali peusi. Hakina mbio. Mtu huzeeka nacho.

Lakini weupe peke yake hakuuamini. Aliuliza kama mgonjwa amepungua uzito, akatazama kama ini lenyewe ni laini au lina mabonde ya makovu, akatoa damu na kuipeleka Dar es Salaam kwa basi kutazama homa ya ini. Wengine walimwuliza kwa nini asichome sindano avute kipande akipime. Alikataa. Kifundo cha mishipa ukikichoma kinavuja, na damu inayomwagika ndani huioni mpaka mtu amelegea. Kipimo chake kikubwa kilikuwa kungoja. Saratani hukua. Kisichokua kwa miezi mitatu, kisha kwa miezi sita, kinakuwa kimejieleza chenyewe.

Mama Kulwa alikuja na mumewe kutoka Ulaya, si ng'ambo, ni kijiji cha wilaya yetu ya Kilosa. Walikuwa Wasukuma, wakulima na wafugaji waliokuwa na miaka michache tu tangu wahamie. Alikuwa na tumbo la kuungua, ambalo baadaye lilitulia kwa dawa za vidonda. Katika kutafuta, Daktari akaona kwenye ini ua la pamba, ukubwa wa limau dogo. Damu ilirudi safi. Ini lilikuwa laini. Daktari akajifuta mikono na kuniambia, mama yule akiwa bado amelala pale, "Ana uvimbe kwenye ini. Huyu mpe miezi mitatu."

Hayo yalikuwa maneno yetu ya kazi. Yule mpe wiki mbili, huyu mpe mwezi, maana yake mpe tarehe ya kurudi. Nikaandika kwenye kadi kama nilivyosikia: Uvimbe kwenye ini. Amepewa miezi mitatu. Nje, mama yule aliniuliza daktari amesema nini. Mimi kuongea na mwanamke mgeni lilikuwa jambo zito. Nikamkabidhi kadi, nikatazama miguu yangu, nikasema ni kama ilivyoandikwa, mama. Nilijua watoto wake pacha, Kulwa na Doto, wako shuleni na watamsomea.

Muda ukapita. Asubuhi moja mumewe, Masanja, akaja peke yake na baiskeli. Alitusalimia vizuri, akakaa, akauliza kama tuna dawa ya kumpunguzia mtu maumivu ya mwisho. Alikuwa amepanga kumpeleka mkewe kwao Shinyanga kwa treni, akazikwe na watu wake. Alikuwa anaogopa wasiwahi.

Nilimwuliza mama anaumwa nini hasa.

"Haumwi," akasema. "Lakini kwa hesabu yangu amebakiza siku kumi na moja."

Nilichukua kadi aliyokuja nayo, nikampelekea Daktari. Aliisoma, akavua miwani. Nilingoja anifokee.

"Hili neno ni langu," akasema. "Wewe umeliandika tu." Kisha akatazama benchi lililojaa wagonjwa. "Ila mimi siwezi kutoka hapa. Nenda naye. Ukamwambie mama mwenyewe, kwa mdomo wako."

Tulitoka Mikumi asubuhi ile na kufika Ulaya alasiri, vumbi mpaka kwenye kope. Njiani nilimweleza Masanja. Alisikiliza huku akiendesha baiskeli, mimi nikiwa nyuma yake. Kisha akaniambia kwamba walikuwa wamekwenda pia kwa mfumu, yaani mganga wao, akapasua kuku na kusema ini ni safi. "Tuligombana nyumbani," akasema. "Mimi nikasema tuwaamini ninyi, kwa sababu mna mashine."

Mama Kulwa alikuwa amekaa kwenye kigoda, amekonda kwa kutokula. Mizigo ilikuwa imefungwa kwa kamba. Nilimwamkia shikamoo, akaitikia, "Marahaba, daktari." Nikamwambia mimi si daktari, mimi ndiye niliyeandika kadi.

"Mama, miezi mitatu ile ni ya kurudi Mikumi. Si ya kuishi."

Alimtazama mumewe, akanitazama mimi. "Kurudi kufanya nini?"

"Kutazama kama kile kivimbe kimekua. Daktari anaona si kibaya. Kuna vitu vinakaa kwenye ini la mtu mpaka anazeeka, havimfanyi kitu."

"Nilikuuliza siku ile. Ukatazama chini."

"Niliona aibu, mama."

"Aibu," akasema, kama mtu anayeonja chumvi. "Anayekijua kifo cha mtu naye hutazama chini. Ningejuaje kwamba yako ni aibu?"

Masanja alicheka kidogo, akasema watu wa Chanzuru hata mbuzi wanawaonea aibu. Mkewe hakucheka. Nilipomsihi arudi kupimwa alisema yeye ameshajiaga, na kurudi nyuma ni kazi. Ndipo nilipojua alichokuwa amekifanya. Mtoto wake mdogo, Shija, aliyewafuata pacha, alikuwa amemwachisha ziwa kabla ya wakati na kumpa dada yake mdogo, aliyeishi boma la jirani, amlee, ili mtoto azoee mapema. Kila Shija alipomlilia, alijificha nyuma ya zizi mpaka anyamaze.

Tarehe ilipofika walikuja wote, na mdogo wake akiwa na mtoto mgongoni. Daktari aliweka alama zake mbili za msalaba kwenye kioo, huku na huku, akapima. Akapima tena. Kile kifundo kilikuwa vilevile. Safari hii hakuniambia nimpe chochote. Alimgeukia mama na kusema, "Hiki si saratani, na hakitakuua. Utarudi baada ya miezi sita nikitazame mara ya mwisho." Niliandika sentensi yote, kila neno. Ilijaza upande mzima wa kadi, na benchi likanung'unika.

Nje, Mama Kulwa alinyoosha mikono kumpokea Shija. Mtoto aliuficha uso kwenye shingo ya mama yake mdogo, akashika nguo yake kwa mikono miwili.

Baada ya miezi sita alirudi peke yake, amenenepa. Kifundo hakikuwa kimeongezeka. Nilijilazimisha kumwuliza habari za Shija. Akasema hajambo, anaongea sana, amemchukua na kumrudisha kwake mara mbili lakini usiku analia kutaka kule.

"Mdogo wangu anamwita mama," akasema. "Mimi ananiita mama mkubwa."

Hospitali ile ilipofungwa nilirudi Kilosa, nikafanya kazi maabara ya mtu binafsi mpaka magoti yakakataa. Nimechoka, na sisemi hivyo ili mnionee huruma. Nimeandika kadi nyingi kuliko watu ninaowakumbuka. Mashine zenu zina rangi sasa na nasikia Dar es Salaam zipo zinazokata picha ya ini vipande kama mkate. Ni vizuri. Lakini bado wapo wagonjwa mtakaowaambia wangoje, na kungoja hakuna rangi. Mtu anakwenda nako nyumbani, anakaa nako, anapanga watoto wake.

Kwa hiyo nawaomba mniandikie. Mpeni barua huyo anayewaletea karatasi hizi, ataifikisha. Sitaki habari za mashine. Nataka kujua mgonjwa wako wa mwisho uliyemwambia arudi baada ya miezi, ulimwambia kwa maneno gani, na yeye alipotoka mlangoni alikuwa amesikia nini. Kama hujui alichosikia, usiniandikie kwanza. Nenda kamwulize.